Jina Alilolitaka Mkunga

Mkunga wa zamu ya asubuhi ana mikono iliyochakazwa na sabuni, na sauti iliyokauka kwa kuwahimiza wanawake wasukume. Akishamfunga mtoto kwenye shuka huuliza, "Tumwite nani?" na jina lolote hulipokea kwa kutikisa kichwa tu, liwe la bibi, la nabii au la mvua iliyonyesha mtoto alipozaliwa. Kubishana na watu ameshachoka. Lakini leo mzazi mmoja, ambaye mumewe alimkimbia mimba ikiwa changa, alijibu huku akiutazama ukuta, "Huyu binti mwite Shida." Mkunga akaketi ukingoni mwa kitanda, jambo asilolifanya kamwe, akavua viatu.

"Mwanangu, hilo ndilo jina langu. Mama alikuwa na machungu yake, akanitwika mimi. Mpaka leo nikiitwa, nahisi kama nimekosea."

Mzazi akamgeukia, akauliza, "Na wewe ungependa uitwe nani?"

Hakuna aliyewahi kumuuliza. Akawaza huku akisugua miguu yake iliyovimba. "Furaha," akasema, na aibu ikamshika. Akavaa viatu, akaondoka. Alipofika mlangoni alimsikia mzazi akinong'ona, "Furaha, nyonya, mama'ngu." Mkunga akageuka, kama aliyeitwa yeye.