Nola Echave na Geti la Zizi

Nola Echave alipenda kusema kwamba kamera yake imekula vumbi kuliko ng'ombe yeyote wa Nevada. Alizunguka ranchi za huko kwa gari lake bovu, akiandika habari za makauboi wa leo na kuwapiga picha: wanaume kwa wanawake wanaolala porini na mifugo, simu mfukoni mwa shati, ambao wakinasa mtandao juu ya kilima husimamisha farasi wote ili waulize bei ya nyasi na hali ya watoto. Vitabu vyake vilikuwa katika kila nyumba bondeni. Watu walivipekua wakitafuta sura zao, na asiyejiona alinuna mwaka mzima.

Basi huyohuyo Nola, mzaliwa wa ranchi, ndiye aliyefanya kosa ambalo hata mtoto wa kule hugombezwa vikali kwalo. Mwaka uliopita, kwenye ranchi anayoisimamia Hoyt Purdin, alisimama getini. Ng'ombe wanaingizwa zizini, yeye yuko katikati ya mlango, jicho kwenye kamera, anataka picha ya kundi likimjia uso kwa uso! Ng'ombe wa mbele alimwona, akasita, akageuka, na wote wakageuka naye. Kazi ya asubuhi nzima ikatokomea vichakani. Hoyt hakufoka. Alishuka, akafunga geti la zizi tupu polepole, akapanda farasi wake tena. Afadhali angemtukana.

Tangu siku hiyo Nola alitakiwa akae kilimani, mbali na zizi. Na kitabu alichokuwa akikiandika kilihusu upigaji chapa wa ndama, yaani kuwatia alama ya mwenyewe kwa chuma cha moto. Picha za kule juu, ng'ombe wadogo kama pilipili manga, angempelekea nani? Akirudishiwa nafasi zizini, kitabu kipo. Asiporudishiwa, hakuna kitabu.

Msimu wa chapa ulipofika tena, alimfuata Hoyt penye kahawa, kofia mkononi.

"Mzee Hoyt, nimekuja kuomba."

"Kilima kiko palepale," Hoyt akasema. "Hakijahama."

Makauboi wakacheka mpaka kahawa ikawapalia. Rusk, mwenye mdomo kuliko wote, akadakia, "Mama Picha, safari hii kasimame mwezini kabisa!"

"Nikifika huko nitakupiga picha upara wako unavyong'aa," Nola akamjibu, ingawa moyo ulimuuma.

Akaazima farasi jike, akapanda kilimani. Kundi likaja. Jua la asubuhi lilipenya vumbi, pembe zikawaka, wapanda farasi wakatokea na kupotea ndani ya wingu la dhahabu. Mungu wangu, picha ndiyo hii! Kidole kilikuwa kimeshagusa kitufe alipoona, pembeni mwa lenzi, ng'ombe mwekundu akichomoka na ndama wake kuelekea korongoni. Upande ule hapakuwa na mtu. Ng'ombe wenzake wakaanza kugeuza vichwa.

Nola akaiachia kamera ikamgonga kifuani, akampiga farasi visigino. Hakupiga kelele, wala hakumkimbiza kwa nyuma. Alizunguka mbali, mawe yakiruka, akamtokea ng'ombe begani na kumwonyesha kifua cha farasi. Ng'ombe akakoroma, akafikiri, akarudi kundini na mwanawe. Kundi zima likamiminika getini. Hoyt akafunga.

Moto wa chapa ukawashwa. Pale kwao hakuna anayejipeleka na kamba yake kati ya ndama kuwanasa kwa kitanzi. Unangoja msimamizi akutaje, na usipotajwa unanyamaza.

"Rusk," Hoyt akaita. Kisha akakohoa. "Nola."

"Mimi?"

"Kwani Nola wako wangapi?"

Hakuwahi kuitwa, miaka yote ile! Akavua kamera, asijue aiweke wapi. Hoyt akanyoosha mkono, akaipokea na kuitundika kwenye tandiko lake mwenyewe.

Nola akafungua kamba ya tandiko, akaingia na farasi kati ya ndama. Kitanzi cha kwanza kikaangukia vumbi tupu.

"Kakamata upepo!" Rusk akapaza sauti. "Uleteni huo upepo tuupige chapa!"

Cha pili alikiacha kiende taratibu chini ya tumbo la ndama, kikasimama, ndama akaingiza miguu yote miwili ya nyuma. Akavuta. Akazungusha kamba kwenye nundu ya mbele ya tandiko na kumburuta ndama hadi motoni, huku watu wakipiga miluzi na Rusk mwenyewe akirusha kofia juu. Nola alikuwa akicheka na kulia, na hakuficha hata kimoja.

Zamu yake ilipoisha akaifuata kamera. Hoyt alimkabidhi kwa mikono miwili.

"Piga utakavyo. Ingia utakako."

"Asante, mzee." Akageuza farasi, karibu aruke kwa furaha.

"Nola!"

"Naam?"

"Popote pale. Isipokuwa getini."