Mfalme wa Mguu Mmoja na Matanga ya Mume Wangu

Mume wangu hana kaburi. Naanza na hilo ili tusizungukane. Siku tuliyokimbia kwetu Kivu alirudi nyuma kumchukua mama yake. Akasema tangulieni, nitawakuta barabarani. Hakutukuta. Tulipita Burundi, tukakaa kambini Tanzania, tukaletwa huku Sydney, na kila mahali nilipoulizwa mume yuko wapi nilijibu: alirudi kumchukua mama yake. Sikuongeza neno.

Binti yangu anatunza wazee huko Parramatta. Miaka mingi amenisihi: "Mama, tumfanyie baba matanga. Tukae chini, watu waimbe, tuombe, tumalize." Nami nilimwambia matanga bila maiti ni karamu tu, watu watakula wali na kwenda zao. Mwishowe akaacha kuniomba kwa maneno. Akawa ananiomba kwa kunyamaza, na hiyo ni mbaya zaidi.

Basi mwaka jana nikaanguka bafuni. Daktari akasema mfupa ni mzima, ila nikisimama ninayumba, niende kwenye mazoezi ya wazee ukumbini, nyuma ya maktaba, hapa Mount Druitt. Kumbe mazoezi yenyewe ni yoga. Mwalimu ni mama wa Kihindi aliyezaliwa Fiji, mtu mzima kama mimi, nywele nyeupe amezipaka mafuta na kuzibana. Mjukuu wangu ndiye aliyenipeleka na kunitafsiria. Msichana huyo ana akili, sitaficha. Anasomea uuguzi na tayari anambishia daktari wangu, tena anashinda. Kiswahili anakisikia chote, ila kujibu anajibu kwa Kiingereza, isipokuwa anaponitafsiria.

Kanisani walipata habari. Mama mmoja wa kwaya, mwenzangu tangu kambini, akanishika mlangoni.

"Dada, eti siku hizi unaabudu miungu ya Wahindi?"

"Naabudu goti langu," nikamwambia. "Na lako linalia kuliko langu, njoo."

Akacheka. Hakuja.

Siku moja tukafundishwa mkao wa mti. Unasimama mguu mmoja, wa pili unaukunja, viganja unaviunganisha kifuani. Sisi wazee tuliambiwa unyayo uishie kwenye kifundo tu, na kiti kiwe karibu. Nilishika kiti nikauliza kwa sauti, maana mimi huuliza: "Mtu na akili zake asimame kama korongo kwa nini?" Mjukuu aliona haya lakini akatafsiri. Mwalimu hakukasirika. Akatukalisha, akasimulia, na mjukuu akanieleza kwa Kiswahili chake cha kuokoteza.

Kale huko kwao palikuwa na mfalme mwenye wana maelfu. Walitumwa kumtafuta farasi wa sadaka wa baba yao, wakamkuta karibu na mtakatifu mmoja aliyefumba macho akisali. Wakamtukana, wakamwita mwizi. Yule akafumbua macho, na macho yale yakawaunguza wote wakawa majivu. Majivu yakabaki palepale. Hakuna aliyewaosha wala kuwaombea, na roho zao zikashindwa kupanda. Mjukuu wa mfalme akajaribu kuwasaidia, akafa hajaweza. Mwanawe akajaribu, akafa. Ndipo akaja mtoto wa huyo, jina lake refu, ulimi wangu haukulishika. Wale walioungua hakuwaona hata sura. Akaacha kiti cha ufalme, akaenda milimani, akasimama mguu mmoja miaka na miaka, akiuomba mto Ganga, ambao wakati huo ulikuwa mbinguni, ushuke uoshe majivu. Mto ukakubali. Lakini kuanguka kwake kungepasua dunia, basi mungu wao Shiva akaupokea kwa nywele zake, ukachuruzika polepole. Mfalme akatangulia, mto ukamfuata nyuma mpaka kwenye majivu. Wakaoshwa, wakaenda.

Mimi ni mtu wa Yesu, sikwenda ukumbini kubadili dini. Lakini wenzangu waliposimama tena, mimi nilibaki kwenye kiti.

"Muulize," nikamwambia mjukuu, "wake zao walisema nini?"

Mwalimu akasema hadithi aliyofundishwa yeye haiwataji.

Ndani ya gari mjukuu hakuwasha injini. Akaniambia, na safari hii kwa Kiswahili, neno moja moja kama anayevuka mto kwa mawe: "Koko," ndivyo anavyoniita mimi bibi yake, "mimi babu sijamwona. Lakini ni babu yangu. Kwa nini mama anakuomba wewe ruhusa ya kumlilia?"

"Kwa sababu mimi ndiye niliyemwona akienda."

"Mama alikuwa wapi?"

Nikafungua mdomo nimjibu kwa ukali, jibu likaja lingine. Mama yake alikuwa ameshika mkono wangu. Alitembea kichwa amekigeuzia nyuma, akijikwaa kila hatua, mpaka tukapita kona na baba yake haonekani tena. Mimi nilikuwa naangalia mbele, kwa sababu nilikuwa na mtoto mwingine mgongoni na mzigo kichwani. Aliyemwona mwisho ni yeye. Na miaka yote hiyo nimekaa juu ya kilio chake kana kwamba ni changu peke yangu.

Mjukuu akawasha injini. Nikamwambia twende nyumbani.

Jioni binti yangu aliingia bado amevaa sare ya kazi, mfuko wa mboga mkononi.

"Tafuta siku," nikamwambia.

"Siku ya nini, mama?"

Alijua. Alitaka niseme mimi, na alikuwa na haki.

"Ya baba yako. Alikufa."

Neno hilo lilikuwa halijawahi kutoka kinywani mwangu, si kambini, si kwa watu wa serikali, si mbele ya mchungaji. Binti yangu aliweka mboga chini. Akakaa sakafuni na viatu vyake, akalia kwa sauti ya mtoto mdogo, akimwita baba. Binti yake akakaa upande mmoja, mimi nikashuka upande wa pili. Matanga yakaanza hapohapo mlangoni, kabla hatujamwita mtu.