Mwenye Nyumba Wangu wa Bredäng na Mzinga wa Ujana Wake

Mwenye nyumba wangu wa kwanza Stockholm alikuwa Mjerumani asiyesikia vizuri. Sikio lake la kulia lilikuwa kama limekufa tangu ujana, na la kushoto lilisikia kama mtu aliyekaa ndani ya pipa. Ndivyo alivyoeleza mwenyewe. Alikuwa anakaribia miaka themanini, mjane asiye na mtoto, fundi mashine mstaafu aliyekuja Sweden kufanya kazi kiwandani miaka ya hamsini, akaoa hapa, akazeekea hapa. Mimi nilikuwa nimetoka Morogoro kuja kusomea uhandisi wa maji. Katika jiji ambalo chumba cha mwanafunzi husubiriwa mpaka mtu anakaribia kumaliza masomo, nilishukuru kupata chumba chake cha nyuma kule Bredäng, ghorofa ya sita, dirisha likitazama misonobari.

Nilimwita Mzee. Waswidi huitana kwa majina, mjukuu na babu sawasawa, lakini ulimi wangu ulikataa. Akalipenda neno hilo. Nikamfundisha na kuamkiana. Kila asubuhi nilisimama mlangoni mwa jikoni na kusema, "Shikamoo, Mzee!" kwa sauti ya kumwita mtu ng'ambo ya mto, naye, bila kuacha kukata mkate, alijibu, "Baraza!" Nilimsahihisha wiki mbili tatu, kisha nikachoka. Nikazoea kupewa baraza kila siku kabla ya kwenda chuoni.

Alikuwa mtu mwema kwa namna yake ya kifundi. Nilipomwambia sili nguruwe, alitikisa kichwa tu, na Alhamisi iliyofuata, siku ambayo Waswidi hula supu ya njegere yenye nyama ya nguruwe, nilikuta sufuria mbili jikoni. Moja ilikuwa mpya, mpini wake umezungushiwa utepe mwekundu. "Hii yako," alisema. "Na mwiko wake ni ule pale. Haijawahi kukutana na ile nyingine." Tuliishi hivyo, mimi na supu yangu na yeye na yake, televisheni ikinguruma hadi jirani wa chini anagonga bomba la kupasha nyumba joto, jambo ambalo bila shaka Mzee hakulisikia.

Simu alikuwa nayo, lakini haikumfaa kitu. Katika darasa lake lote la shule kule Hamburg alikuwa amebakiwa na rafiki mmoja tu aliye hai, na kwa miaka mingi walichopeana ni kadi za Krismasi. Vifaa vya masikioni vya kusaidia kusikia alivikataa katakata. Alisema ni vya wazee.

Kilichomgeuza ni ufunguo. Siku moja ya Januari niliusahau ndani, nikarudi na kukuta mlango umefungwa. Nilibonyeza kengele, nikagonga, nikaita kupitia tundu la barua. Yeye alikuwa ndani anasoma gazeti. Mwishowe nilikaa ngazini na koti langu hadi alipotoka mwenyewe kwenda kutupa takataka, akanikuta nimejikunyata kama paka. Aliniingiza ndani, akanipa blanketi na chai, akakaa mbele yangu.

"Ulikuwa unagonga?"

"Nilikuwa nagonga, Mzee."

"Sana?"

"Mpaka mkono umeuma."

Siku iliyofuata aliniomba nimpigie simu kliniki ya masikio.

Siku tuliyokwenda kuvichukua vifaa hivyo, viwili, vidogo kama maharage, naikumbuka kuliko siku ya mahafali yangu. Ndani ya treni ya kurudi alikuwa akigeuza kichwa kila upande. Gazeti la mtu likikunjwa, anageuka. Zipu ya mtoto, anageuka. "Koti langu linapiga kelele," alininong'oneza kwa mshangao, na ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akinong'ona. Nyumbani aliniketisha na kuniamuru nimwamkie upya, taratibu, bila kupaza sauti.

"Shikamoo, Mzee."

"Sasa sema ninachopaswa kujibu."

"Marahaba."

Akapiga meza kwa kofi. "Marahaba! Na mimi miezi yote nilikuwa nakujibu nini?" Nilipomweleza, alicheka hadi akavua miwani.

Jumatatu ya kwanza ya Machi tulikuwa jikoni. Mzee alikuwa anamenya viazi na mimi nasoma. Saa tisa alasiri ving'ora vya jiji vikalia. Wakazi wote wa Stockholm wanajua: ni majaribio tu, kila baada ya miezi kadhaa, na hakuna anayeinua kichwa. Mzee naye alijua. Alikuwa ameishi hapa zaidi ya nusu karne. Lakini miaka yote hiyo king'ora kilikuwa kimemfikia kama muungurumo wa friji ya jirani. Siku hiyo kilimwingia kizima.

Kisu kilianguka. Nilipoinua macho alikuwa amepiga magoti kando ya meza, mikono kisogoni, na mdomo wake ulikuwa wazi, wazi kabisa, kama mtu anayepiga kelele bila sauti. Nilidhani ni moyo. Nikapiga magoti karibu naye, nikamshika mabega.

"Mzee! Ni majaribio. Ni majaribio tu."

Aliendelea kuacha mdomo wazi mpaka sauti ilipokatika. Kisha akaufunga polepole, akakaa sakafuni, mgongo kwenye kabati, akatazama maganda ya viazi.

"Ukifunga mdomo, masikio yanapasuka," alisema. "Ndiyo amri ya kwanza tuliyofundishwa."

Nikakaa naye hapo chini. Ndipo aliponihadithia.

Ilikuwa wakati wa Vita Kuu ya Pili, naye alikuwa na miaka kumi na sita. Darasa lao zima, wavulana watupu, walitolewa shuleni na kupelekwa nje ya jiji kwenye mizinga ya kutungulia ndege. Walilala kwenye mabanda ya mbao kando ya mizinga. Asubuhi mwalimu wao wa Kilatini aliwafuata kwa baiskeli, amevaa koti lake lenye viraka vya ngozi viwikoni, akawafundisha vitenzi wakiwa wanasinzia. Usiku king'ora kilipolia, walikimbia. Taa kubwa zilimulika mawingu, mmoja wao alisoma umbali, mwingine aliweka muda wa kombora kulipuka huko juu, na yeye, aliyekuwa na mabega mapana, alilisukuma kombora ndani ya mzinga kwa mkono uliovaa glavu nene ya ngozi. Mara nyingi hawakupiga kitu. Walitoboa mawingu.

"Ulikuwa unaogopa?" nilimuuliza.

"Nilikuwa na usingizi," alisema. "Hofu ilikuja baadaye. Tulidhani tunawalinda mama zetu, na kweli mama zetu walikuwa kule mjini, chini ya mabomu. Lakini waliotutuma walikuwa kule pia, na tuliwalinda na wao. Na kule juu ndani ya ndege walikuwa vijana kama sisi. Yote hayo nilikuja kuyafikiria nikiwa mtu mzima, kwenye mashine yangu hapa Sweden."

Waliobeba makombora kutoka ghalani walikuwa mateka Warusi. Mmoja wao, mrefu, mwenye pengo la jino, alikuwa akimletea yeye. Hawakuwa na lugha moja. Mzee alimpa mkate alioletewa na mama yake, naye Mrusi alimchongea filimbi ya mti. Usiku mmoja bomu liliangukia karibu. Mrusi aliona kitu ambacho yeye hakukiona. Alimkamata shingoni na kumtupa shimoni. Kisha rundo la makombora likalipuka. Mzee alipozinduka damu ilikuwa ikimtoka masikioni na ulimwengu ulikuwa kimya. Wenzake wawili wa darasani walikuwa wamekufa. Alimtafuta Mrusi wake. Kwa ishara alimuuliza sajini, na sajini alipunga mkono kama anayefukuza nzi. Kesho yake akapelekwa hospitali ya mbali, hakurudi tena kwenye mzinga ule.

"Nimekula chakula cha miaka sitini ambacho kilikuwa cha yule," aliniambia. "Hata mke wangu sikumwambia. Ningemwambiaje? Ingebidi niseme kwa kupiga kelele."

Viazi vilikuwa vimeanza kugeuka rangi. Kisha akaniomba nimsaidie kusimama, na aliposimama akasema, "Sasa naweza kutumia simu, sivyo?"

Nilimbonyezea namba ya rafiki yake wa Hamburg, nikamwachia sebule. Nikiwa jikoni nilisikia Kijerumani, kwanza cha tahadhari, kama watu wawili wanaopishana kwenye daraja jembamba, halafu kicheko, halafu kimya kirefu kilichonifanya nisogee mlangoni. Mzee alikuwa ameshika simu kwa mikono miwili. Machozi yalikuwa yanamshuka.

Alipoikata alinigeukia. "Yeye alikuwa kwenye mzinga uleule. Alibaki pale mpaka mwisho. Nimemuuliza habari za Mrusi. Unajua amesemaje? Amesema, 'Yule mwenye pengo? Nilimwona wiki Waingereza walipoingia. Alikuwa anatembea barabarani kuelekea mashariki, amevaa koti la mwalimu wa Kilatini.'"

"Koti lenye viraka?"

"Lenye viraka. Eti mwalimu alimpa mwenyewe." Akakaa. Akacheka huku akilia, akafuta pua kwa mkono wa sweta kama mtoto. Jioni hiyo hatukupika. Tulishuka kwenye duka la piza la chini, akaagiza kwa kunong'ona makusudi, ili tu asikie kama muuzaji atamsikia.

Baada ya hapo simu ya Hamburg ilikuwa ya kila Jumapili. Mimi nilimaliza masomo, mke wangu akaja kutoka nyumbani, tukahamia Sundbyberg. Mzee alitutembelea kwa treni, akivaa tai, akimletea binti yetu vitu alivyochonga. Binti alimwita Babu, na kila kingine akamwambia kwa Kiswidi, kama anavyotufanyia sisi. Mzee aliondoka duniani majira ya machipuko, usingizini, na rafiki yake wa Hamburg alinipigia simu kunipa pole kabla mimi sijajua namna ya kumpa yeye.

Kuna kiangazi kimoja, muda mrefu kabla ya hapo, tulikuwa tumekaa kwenye benchi kando ya maji, chini kidogo ya Bredäng, tukitazama watu wanaoogelea. Nilikuwa nimeliweka swali moyoni tangu siku ya ile simu, nikalitoa.

"Mzee, kweli unaamini alimwona?"

Alifikiri. "Shuleni alikuwa mwongo hodari," alisema. "Lakini alikuwa mwongo kwa ajili ya wengine. Mtu akivunja dirisha, yeye ndiye aliyekuwa na hadithi ya kumwokoa. Na uso wake ulikuwa unaiva wekundu akidanganya, kwa hiyo tulikuwa tunamjua mara moja."

"Kwa simu uso hauonekani."

"Hauonekani," alikubali. Kisha akanigongagonga goti. "Mimi nimemwamini. Hebu twende majini, kabla jua halijakwenda upande ule."

Nami sikujua kama anaweza kuogelea. Alikunja suruali, akanikabidhi miwani, akatangulia.