Dishi Lililofuata Jua

Miaka ile ya ruksa, biashara zilipofunguliwa na televisheni zikaanza kuingia Makambako, mume wangu alikuwa fundi wa kuchomelea mageti. Mwenye mgahawa karibu na stendi, Mwislamu aliyehamia kutoka Kondoa, alimuuliza kama anaweza kuunda dishi. Akasema anaweza. Hakuwahi kuunda hata moja.

Alikunja nondo, akafunga wavu wa chuma, likatoka umbo la ungo mkubwa. Mwenye mgahawa akaleta risiva. "Fundi, mwisho Ijumaa. Ukishindwa, namwita mtu wa Iringa." Dishi likapandishwa juu ya bati la mgahawa, na jina lote la mume wangu likawa huko juu.

Wiki hiyo nilikwenda hospitali ya Ilembula kumwona dada yangu aliyelazwa. Muuguzi mmoja alinipa gazeti kuukuu la Kiingereza, lenye picha za setilaiti ikiundwa. Watu wamevaa nguo nyeupe, wamefunika vichwa na midomo. Nilidhani wanapasua mgonjwa. Picha ya pili, roketi inapaa na moto wake. Ya tatu, setilaiti iko juu, ina mabawa mawili. Mimi ni wa darasa la saba, nikamwomba muuguzi anisomee. Akasema mabawa yale hugeuka kulifuata jua ili yapate umeme. Njia nzima nilijiuliza: nati zikilegea huko, nani anakaza?

Nyumbani nikamwambia mume wangu, "Kama chombo chenyewe kinafuata jua, basi na dishi lifuate." Akaniamini, maana mimi ndiye niliyeona picha.

Siku tatu alikaa juu ya bati akiligeuza dishi, asubuhi mashariki, jioni magharibi. Televisheni ikatoa chenga tu. Madereva wa malori waliokuwa wakinywa chai wakamtania: "Fundi, unachunga jua? Jioni utalifungia zizini?"

Alhamisi ukungu ukashuka, hata stendi haikuonekana.

"Mama, jua liko upande gani?" mume wangu aliniuliza kutoka juu, nami nimesimama chini.

"Sijui, baba."

Basi akaanza kulisogeza polepole, shubiri kwa shubiri, mbingu nzima. Ilipokaribia adhuhuri mwenye mgahawa akapiga kelele ndani: "Hapo hapo! Usiguse!" Kwenye televisheni mtu alikuwa anasoma habari kwa lugha ambayo hakuna aliyeijua. Madereva wakasimama na vikombe vyao.

Alasiri jua likatoka, likazama. Picha ikabaki. Ndipo tukaelewa kwamba ni mabawa tu yanayogeuka. Setilaiti yenyewe, kwetu sisi, haihami. Kitu kilichorushwa kwa moto kinatuliaje mahali pamoja? Mpaka leo sijui vizuri.

Tulipomzika mume wangu mwaka huu, mwenye mgahawa, sasa mzee, alisimama akasimulia. "Siku tatu marehemu alichunga jua, Mungu amrehemu." Watu wakacheka kwa upole. Nilikuwa mkekani na wanawake wenzangu. Miaka yote hiyo mume wangu hakuwahi kumwambia mtu kwamba kulifuata jua lilikuwa wazo la nani.

Lilikuwa langu. La kwake ni lile la siku ya ukungu.