Upande wa Pili wa Kanda ya Kaka

Albamu ya kaka yangu haikuwahi kupigwa redioni. Yeye na mwenzake mmoja wa Ruaha waliirekodi Morogoro, wakaidurufu kwenye kanda chache na kuziuza mkononi siku za gulio, kwenye kijiji kiitwacho Ulaya. Ilikuwa rapu: upande wa kwanza alichana mwenzake, wa pili kaka. Hata leo, mitaani Ruaha, nawasikia watu wazima wenye buti za shambani wakiighani mistari yake: majivu ya miwa yanayoangukia nguo zilizoanikwa, baba anayetoka zamu akalala na kofia kichwani. Ni sisi wale, ndiyo maana haichuji.

Kaka alifariki binti yake akiwa bado ananyonya. Mwaka huu binti anaolewa, na aliniomba jambo moja tu: asikie sauti ya baba yake kabla hajaondoka nyumbani. Kanda za watu zilikwishaharibiwa na maji na panya. Iliyosalia ilikuwa kwa mama yangu, Masanze.

Tulikwenda na redio kaseti ya kuazima. Mama aliitikia shikamoo zetu, akatoa kanda. Kaka alikuwa amevunja vile vijiplastiki viwili vya juu ya kanda ili mtu asirekodi tena. Matundu yake niliyakuta yamezibwa kwa karatasi iliyotafunwa. Nilijua maana yake, nikaiweka redioni hivyo hivyo.

Upande wa kwanza uliimba vizuri. Tukageuza. Ikaja kwaya ya kanisa, na sauti iliyotangulia zote ilikuwa ya mama.

"Bibi, hapa ndipo alipokuwa baba?"

Mama alieleza kwamba kwaya ilikosa kanda ya mazoezi, na siku hizo mwanawe alikuwa hai, akila kwake kila siku. "Alikuwa anapiga kelele humu humu ndani, mjukuu wangu. Nani angemtunza kwenye kanda?"

Tulisikiliza hadi mwisho. Hakikubaki hata kipande. Binti akaniomba nimsemee maneno ya baba yake. Nilianza, nikakwama ubeti wa pili, na mama, aliyeuita muziki ule uhuni, akauendeleza taratibu, akitazama sakafu, mpaka ukaisha.

Binti akauliza kama sauti ya baba yake ilikuwa nzito au nyembamba.

Nilisema nzito. Mama, kwa wakati ule ule, akasema nyembamba.