Kapteni Tiema na Mtaro wa Dimbara

Kapteni Tiema Zerbo alirudi Dimbara na nishani kifuani, baada ya miaka ishirini na miwili ya kuvaa magwanda ya Wafaransa. Alipigana Italia, akapigana Indochina, akapanda cheo kwa cheo mpaka askari wa kizungu wakampigia saluti. Basi mji ulipotakiwa kuchagua meya, nani mwingine? Wasamo, watu wa kabila lake, walimpa kura. Hata Wamossi wa ng'ambo ya soko, watani wao tangu enzi za mababu, walimpa, wakisema wamechoka kumwona akikaa bure.

Mwaka uleule mkuu wa wilaya akamwita. Ilikuwepo pampu moja ya maji. Mtaro wa mabomba kutoka bwawani hadi sokoni ukichimbwa kabla ya mvua, pampu ni ya Dimbara. Usipochimbwa, inakwenda mji mwingine. Tiema alimfikiria mkewe, Kadi, anayekwenda bwawani kila alfajiri na mtungi kichwani, akaapa pampu hiyo haitawapita.

Akafanya lile analolijua. Jumatatu asubuhi akapigisha tarumbeta, akasoma majina kwenye orodha, kila nyumba mtu mmoja. Tarumbeta na orodha, jamani! Kwa watu ambao baba zao waliitwa hivyohivyo wakapelekwa kujenga reli, na wengine hawakurudi! Jumanne walitokea watu kumi na wanne. Jumatano watatu, na mmoja alikuwa amekuja kuuliza habari ya mbuzi wake.

Alhamisi mlango wa ofisi ukasukumwa kwa teke. Akaingia Raogo Sawadogo, mchinjaji, mkubwa wa Wamossi, akaketi mezani, juu ya makaratasi ya serikali.

"Mla mbwa wewe, umeamkaje?"

"Shuka mezani, punda wa Kimossi."

"Sishuki. Nani alikutuma kutupigia tarumbeta kama kuku wa kuitwa?"

Karani akaziba mdomo. Jeshini mtu wa kumtukana kapteni hivyo angelala kifungoni. Lakini mtani hafungwi, wala hakasirikiwi, na hilo Tiema alilijua kabla hajajua kufunga viatu.

"Raogo, pampu itaondoka."

"Najua. Mke wangu kanisema mpaka masikio yanawasha. Ila vijana wangu hawachimbi kwa amri. Watachimba ili wakuaibishe. Nyinyi anzeni bwawani, sisi sokoni. Tukifika katikati kwanza, wewe utatupakulia chakula kwa mikono yako, na nishani umezivaa."

"Mkishindwa?"

"Na Msamo? Jua la Indochina limekukaanga ubongo!"

Tiema aliinuka. Akavua koti, akatoka kutafuta jembe.

Kesho yake mji mzima ulikuwa mtaroni, na ngoma juu. Matusi yalivuka kutoka upande mmoja hadi mwingine, wanawake wakileta pombe ya mtama na kuongeza matusi yao. Kapteni alichimba hadi malengelenge yakapasuka. Siku ya saba Wasamo wakagonga mwamba. Siku ya tisa Wamossi wakafika katikati, wakarusha kofia juu, halafu, bila kupumzika, wakaendelea kuchimba kuelekea kwa watani wao.

"Mmeshinda, mnatafuta nini huku?" Tiema akapaza sauti.

"Tukiwangoja nyinyi, mvua itatukuta wajukuu wetu wana mvi!" Raogo akajibu, akainua nyundo kuupiga mwamba.

Walikutana Jumapili, mawingu yakiwa yameshajikusanya. Jioni ile meya aliwapakulia Wamossi wote, mmoja mmoja, nishani zikilia kifuani, na kila mmoja akalalamika kwamba mchuzi hauna chumvi.

Pampu ilikuja. Bomba la sokoni lilikohoa, likatema tope, kisha maji yakatoka, safi, mengi. Kadi alikinga mtungi wake wa kwanza, akaugeuza na kummwagia mumewe wote kichwani. Vigelegele vikapasuka soko zima. Meya alisimama palepale, ameloa chapachapa, akamwambia: "Kinga mwingine, mke wangu. Hayaishi haya."