Kitabu Kilichomsahau Bibi

Juzi nilikuwa steshenari pale Handeni mjini, nasubiri kutoa kopi ya kitambulisho. Mbele yangu alikuwepo mwalimu mstaafu aliyeandika historia ya vijiji vya Wazigua. Hana mchapishaji. Huchapa nakala kumi kumi hapohapo, na zikiisha anarudi kuchapa nyingine.

Akaingia mama mmoja, nakala yake mkononi, kidole kimebana ukurasa.

"Shikamoo mwalimu. Hapa umetaja waliofungua kijiji chetu. Bibi yangu hayumo."

"Marahaba. Mimi niliwahoji wazee wanne."

"Wanaume watupu?"

Mwalimu akavua miwani, akaifuta kwa shati.

"Bibi ndiye aliyeonyesha pa kuchimba kisima," mama akasema taratibu. "Hao wanaume wako walikunywa wapi?"

Mwalimu akamwambia dada wa kompyuta afungue faili, na mama akasimama nyuma ya kiti akimtajia neno kwa neno mpaka bibi akaingia kitabuni. Nakala mpya ikatoka ingali na joto, ikabanwa kwa pini.

"Lete ile ya zamani nikubadilishie bure," mwalimu akasema.

Mama akaifunika kwa kanga. "Hii hairudi. Nataka wajukuu waone ulivyomsahau." Akalipia mpya.

Wachapishaji wakubwa wanaumiza vichwa wakitafuta namna ya kumuuzia mtu mmoja kitabu kilekile mara mbili. Handeni jibu wanalo: unamsahau bibi yake.